Pembetano: Umbo Jepesi Kuhesabu, Gumu Kuchora

Mtu asafiriye kutoka Dodoma kwenda Iringa kwa njia ya Mtera hawezi kukosa kuiona mibuyu. Mti huu, ambao wataalamu wa mimea huuita Adansonia digitata, ni miongoni mwa viumbe vilivyouzoea ukame wa uwanda wa kati wa Tanzania. Katika majira yake ya kuchanua, mbuyu hutoa maua makubwa meupe yaning'iniayo kwenye vikonyo virefu. Maua hayo hufunguka jioni, hutembelewa na popo usiku, na huanza kunyauka siku ifuatayo. Aokotaye ua moja chini ya mti asubuhi na kulihesabu ataona petali tano. Akilitazama jani, ataona vijani vitano hadi saba vilivyotandazwa mfano wa vidole vya mkono. Ndiyo maana ya neno digitata, ambalo kwa Kilatini husema kwamba kitu kina vidole.

Hesabu hii ya tano hujirudia mahali pengi. Jani la mzabibu, zao linaloipa Dodoma sifa, mara nyingi lina ncha tano. Bamia ikikatwa kwa kuikingama huonyesha kwa kawaida umbo la pande tano lenye vyumba vitano vya mbegu. Na wenzetu wa pwani humfahamu kiti cha pweza, mnyama wa baharini ambaye kwa kawaida ana mikono mitano.

Hata hivyo tusidanganyike. Mimea haipimi kwa rula. Petali moja ya mbuyu yaweza kuwa pana kidogo kuliko jirani yake, na zipo bamia zenye mbavu sita, saba au zaidi. Maumbile hulikaribia umbo, hayaahidi kulifikia. Mwanahisabati hutaka kujua umbo lenyewe likoje linapokuwa kamili, na fundi hutaka kujua jinsi ya kulipata juu ya ardhi. Makala haya yanaeleza pembe na pande za pembetano, nayo yanakusudia kuonyesha jambo moja: kwamba kati ya kukaribia na kuthibitisha pana tofauti, na kwamba tofauti hiyo yaweza kumgharimu mtu saruji na matofali.

MAANA YA PEMBETANO SAWA

Pembetano ni umbo bapa lililofungwa na pande tano zilizonyooka. Ikiwa pande zote zina urefu mmoja na pembe zote zina ukubwa mmoja, tutaiita pembetano sawa. Masharti haya ni mawili, na yote mawili ni ya lazima.

Mwalimu aweza kulionyesha jambo hili darasani kwa vipande vya mabua ya mtama vyenye urefu mmoja, vikiunganishwa kwa miiba au pini. Vipande vitatu vikiunganishwa havina hiari: lazima vifanye pembe tatu za nyuzi 60 kila moja, na umbo hilo halitikisiki. Vipande vinne tayari vina uhuru. Vyaweza kusimama kama mraba au kuinama upande mmoja. Vipande vitano ni vilegevu zaidi. Ukivisukuma huku na huku utapata maumbo yasiyo na idadi, yote yakiwa na pande sawa, lakini moja tu kati ya hayo, lisilo na kipeo kilichobonyea ndani wala pande zilizokatana, ndilo lenye pembe sawa pia. Tulikumbuke jambo hili, maana tutalirudia tutakapomfikia fundi.

PEMBE ZA NDANI NA ZA NJE

Msomaji na achukue karatasi, achore pembetano yoyote isiyobonyea, na avipe vipeo vyake majina A, B, C, D na E kwa kufuata mzunguko. Kutoka A achore mstari hadi C na mwingine hadi D. Pembetano imegawanyika kuwa pembetatu tatu. Kwa kuwa pembe za kila pembetatu hujumlika kuwa nyuzi 180, pembe zote za ndani za pembetano hujumlika kuwa 3 × 180, yaani nyuzi 540. Katika pembetano sawa jumla hii hugawanywa kwa tano, na kila pembe huwa na nyuzi 108.

Ipo njia nyingine, ambayo wanafunzi waweza kuifuata kwa miguu. Pembetano ichorwe katika uwanja wa shule, na mwanafunzi mmoja atembee juu ya mstari wake. Kila afikapo kwenye kipeo hugeuka. Akirudi alipoanzia, akiwa ametazama kule kule alikotazama mwanzo, atakuwa amegeuka mzunguko mzima mmoja, yaani nyuzi 360, kwa mageuko matano. Katika pembetano sawa kila geuko ni nyuzi 72, nayo huitwa pembe ya nje. Pembe ya ndani ni 180 kutoa 72, yaani 108 kama tulivyopata.

Tuangalie nguvu ya hoja hizi. Mwanafunzi apimaye kwa protrakta huweza kupata 107 au 109, kutegemea ukali wa penseli yake na uangalifu wa jicho lake. Kama tungekuwa na vipimo peke yake, tusingeweza kusema kwa uhakika kwamba pembe hiyo si 107 na nusu. Hoja haitegemei penseli wala jicho. Ni nyuzi 108 kamili, Dodoma na popote pengine, leo na siku zote.

UFA WA NYUZI 36

Katika Manyoni na sehemu nyingine za mkoa wa Singida, ufugaji wa nyuki ni kazi ya asili ya wananchi. Afunguaye mzinga hukuta sega lililojengwa kwa vyumba vyenye pande sita. Kwa nini nyuki hawakuchagua pande tano?

Jibu limo katika namba 108. Ili maumbo ya aina moja yaenee juu ya uso bapa bila kuacha nafasi, pembe zinazokutana kwenye nukta moja sharti zijumlike kuwa nyuzi 360. Pembetatu sawa sita hutimiza sharti hili, kwa kuwa 6 × 60 ni 360. Miraba minne hutimiza, kwa kuwa 4 × 90 ni 360. Pembesita tatu hutimiza pia, kwa kuwa 3 × 120 ni 360. Lakini pembetano tatu hufikia 324 tu, zikiacha ufa wa nyuzi 36. Na ya nne haiwezi kuingia. Kwa hiyo sega la pembetano lingekuwa na nyufa kila mahali, na nta ingepotea bure. Kati ya maumbo matatu yawezekanayo, pembesita ndiyo itumiayo ukuta mfupi zaidi kwa eneo lile lile. Ukweli kwamba hakuna mgawanyo mwingine wowote wa uso bapa katika vyumba vya eneo sawa ushindao ule wa pembesita ulidhaniwa tangu enzi za kale, lakini uthibitisho wake ulitolewa na Thomas Hales mwaka 1999.

Mafundi wa vigae nao hufungwa na sheria hiyo hiyo. Hakuna sakafu iwezayo kufunikwa kwa vigae vya pembetano sawa peke yake. Tukiliacha sharti la usawa, mambo hubadilika: pembetano mfano wa ukuta wa mbele wa nyumba yenye paa la mgongo hupangika vizuri sana. Swali la kujua ni aina ngapi za pembetano zisizobonyea zinazoweza kufunika sakafu liliwashughulisha wanahisabati karne nzima iliyopita. Katika miaka ya 1970, mama mmoja wa nyumbani huko Marekani, Marjorie Rice, ambaye katika hisabati hakusoma zaidi ya sekondari, alilisoma swali hilo katika gazeti la sayansi, akabuni alama zake mwenyewe, akagundua aina nne zilizokuwa hazijulikani. Aina ya 15 ilipatikana mwaka 2015. Wanafunzi wanaodhani kwamba hisabati ilikwisha kuandikwa yote na wahenga wana la kujifunza hapo.

Je, ufa wa nyuzi 36 ni hasara tu? La. Msomaji akate pembetano sawa tatu za karatasi ngumu, azipange kuzunguka nukta moja, kisha auzibe ule ufa kwa kuzivuta pamoja. Karatasi haibaki bapa tena. Huinuka na kuwa mfano wa kikombe. Akiendelea kuongeza pembetano kwa njia hiyo, kikombe hujifunga chenyewe baada ya pembetano 12, na umbo hilo la yabisi huwa na vipeo 20. Sasa tuzidishe: vipeo 20 mara ufa wa nyuzi 36 ni nyuzi 720.

Tuuchukue pia mpira wa kandanda wa mtindo uliotumika katika Kombe la Dunia la mwaka 1970 huko Meksiko, ambao wengi wetu bado huuchora tukitaka kuchora mpira. Una pembetano nyeusi 12 na pembesita nyeupe 20. Kwenye kila kipeo hukutana pembetano moja na pembesita mbili: 108 + 120 + 120 ni 348, na ufa ni nyuzi 12. Vipeo viko 60, na 60 × 12 ni 720. Jumla imekuwa ile ile, wala si kwa bahati. Kila umbo la yabisi lenye nyuso bapa, lisilobonyea, lina jumla ya nyufa ya nyuzi 720. Sheria hii ilitambuliwa na Descartes katika karne ya 17. Pembesita peke yake hazina ufa, ndiyo sababu hubaki bapa kama sega. Pembetano ndizo ziupazo mpira uviringo wake.

ULALO NA UPANDE

Mpaka hapa tumezungumzia pembe. Sasa tuje kwenye urefu. Mstari uunganishao vipeo viwili visivyo jirani huitwa ulalo. Pembetano ina milalo mitano, na katika pembetano sawa milalo yote ina urefu mmoja. Ulalo ni mara ngapi ya upande?

Tuuite upande kipimo 1, na ulalo tuuite d. Katika pembetano sawa ABCDE tuchore milalo AC na BE, nayo ikatane kwenye nukta P.

Kwanza, pembetatu ABE ina pande AB na AE zilizo sawa, na pembe ya nyuzi 108 kwenye A. Zimebaki nyuzi 72 za kugawana pembe mbili zilizo sawa; kwa hiyo pembe za B na E ni nyuzi 36 kila moja. Kwa sababu hiyo hiyo, katika pembetatu ABC pembe BAC ni nyuzi 36.

Pili, tuitazame pembetatu ABP. Pembe zake kwenye A na B ni nyuzi 36 kila moja, hivyo ya P ni 108. Pembetatu hii basi ina pembe zile zile za pembetatu ABE. Ni pembetatu mbili zinazofanana, ndogo na kubwa.

Tatu, tuitazame pembetatu AEP. Pembe EAP ni 108 kutoa 36, yaani 72. Pembe AEP ni 36. Kwa hiyo pembe APE ni 72 pia, na pande EA na EP ni sawa. Basi EP ni 1, na sehemu iliyobaki ya ulalo, yaani BP, ni d kutoa 1.

Kwa kuwa pembetatu zile mbili zinafanana, uwiano wa kitako na upande ni mmoja kwa zote. Katika kubwa, kitako BE ni d na upande ni 1. Katika ndogo, kitako AB ni 1 na upande BP ni d − 1. Kwa hiyo d gawanya kwa 1 ni sawa na 1 gawanya kwa (d − 1), na mlinganyo wetu ni

d² − d = 1.

Mwanafunzi wa sekondari ajuaye kanuni ya milinganyo ya aina hii ataona mara moja kwamba d ni nusu ya jumla ya 1 na kipeuo cha pili cha 5. Kwa desimali, d ni 1.6180 na kuendelea.

Kuendelea mpaka wapi? Hapa ndipo pembetano ilipowashangaza Wayunani wa kale. Mtu aweza kutumaini kwamba kipo kijipimo kidogo, labda sehemu ya elfu ya milimita, ambacho kingeupima upande na ulalo vyote viwili bila kubakiza. Tuseme kwamba kipo, na kwamba ulalo ni vijipimo m na upande ni vijipimo n, zote zikiwa namba nzima. Chora milalo yote mitano: katikati yake huzaliwa pembetano sawa nyingine, ndogo, iliyopinduka. Kwa kutumia matokeo yetu ya juu, msomaji ataona kwamba ulalo wa pembetano hiyo ndogo ni m − n, na upande wake ni 2n − m. Hizi nazo ni namba nzima, ila ndogo zaidi. Ndani yake imo pembetano nyingine, na ndani ya hiyo imo nyingine tena, bila mwisho. Lakini namba nzima zilizo kubwa kuliko sifuri haziwezi kupungua bila mwisho. Kwa hiyo tumaini letu lilikuwa batili. Hakuna kijipimo cha namna hiyo, na d haiwezi kuandikwa kama sehemu ya namba nzima mbili. Wapo wanahistoria wanaodhani kwamba ni katika umbo hili ndipo ukweli huo ulipogunduliwa kwa mara ya kwanza.

FUNDI NA KAMBA

Wajenzi wa jadi walikuwa na hekima katika kuchagua maumbo. Tembe la Wagogo, lenye paa bapa la udongo, ni mstatili. Nyumba ya msonge ni duara. Duara huhitaji kigingi kimoja na kamba. Mstatili huhitaji pembe mraba, ambayo mafundi wetu huipata kwa kamba ya 3, 4 na 5: pembetatu yenye pande za urefu huo lazima iwe na pembe ya nyuzi 90. Tuseme sasa kwamba fundi ameombwa kujenga kibanda cha kupumzikia chenye pande tano sawa, kila upande mita 3. Atafanyaje?

Njia ya kwanza ni kupima mita 3, kugeuka nyuzi 72, kupima tena, na kuendelea. Lakini kifaa chake kikikosea kwa uzi mmoja tu, akageuka nyuzi 71 kila mara, upande wa tano utaishia sentimita 22 na nusu mbali na kigingi alichoanzia.

Njia ya pili ni kutumia milalo. Fundi huyu amesikia kwamba ulalo na upande vina uwiano wa 8 kwa 5, yaani 1.6. Kwa upande wa mita 3 ulalo wake utakuwa mita 4.80, wakati ulalo wa kweli ni mita 4.854. Amekosea kwa sentimita 5 na kidogo, naye huenda akaona kwamba ni jambo dogo. Anapigilia vigingi A na B. Anakipata C kwa kamba ya mita 4.80 kutoka A na mita 3 kutoka B. Anakipata E kwa njia hiyo hiyo upande wa pili. Kisha anakiweka D mita 3 kutoka C na mita 3 kutoka E. Umbo limejifunga. Pande zote tano ni mita 3. Fundi anafurahi.

Lakini yale mabua ya mtama yalikwisha tuonya kwamba pande sawa hazitoshi. Tukikokotoa, tunaona kwamba pembe za A na B ni nyuzi 106.3, za C na E ni 112.5, na ya D ni 102.5. Milalo miwili ni mita 4.80, mmoja ni mita 4.68, na miwili iliyobaki ni mita 4.99. Kosa la sentimita 5 mwanzoni limekua kuwa tofauti ya sentimita 31 kati ya milalo ambayo ingepaswa kuwa sawa. Seremala ajaye kuweka paa, akiwa amekata mbao tano kwa kipimo kimoja, ataliona kosa hilo kabla ya mtu mwingine yeyote.

Njia iliyo kamili haina ugumu wowote, nayo hutokana moja kwa moja na mlinganyo wetu. Fundi apigilie A na B, mita 3. Kwenye B asimamishe pembe mraba kwa kamba ya 3, 4 na 5, na juu ya mstari huo apime mita 3 hadi nukta K. Atafute M, katikati ya A na B. Kamba kutoka M hadi K, kwa kanuni ya Pythagoras, ina urefu wa nusu ya upande mara kipeuo cha pili cha 5, yaani mita 3.354. Aizungushe kamba hiyo, mwisho mmoja ukiwa M, mpaka ikutane na mstari AB ulioongezwa mbele ya B, na mahali hapo aweke kigingi F. Urefu AF ni 1.5 + 3.354, yaani mita 4.854: ndio ulalo hasa. Kamba ya urefu huo ndiyo itakayompatia C, E na D, na mwisho apime milalo yote mitano kuhakikisha kwamba ni sawa. Hakuhitaji protrakta wala mashine ya kukokotoa.

Je, ina maana kwamba kukaribia hakufai? La hasha. Uwiano wa 34 kwa 21 ungempa fundi ulalo wa mita 4.857, kosa la milimita 3, ambalo kamba yenyewe hulizidi kwa kunyooka. Tofauti ni kwamba ajuaye thamani kamili ndiye pekee awezaye kusema amekosea kwa kiasi gani.

KUTOKA ALEKSANDRIA HADI SARAFU YA MFUKONI

Elimu hii ni ya kale, na Bara la Afrika lina sehemu yake. Ujenzi wa pembetano sawa ndani ya duara umeelezwa katika kitabu cha nne cha Euklides, aliyefundisha Aleksandria nchini Misri yapata miaka 300 kabla ya Kristo. Katika nchi hiyo hiyo ya Misri, karne ya 9 hadi ya 10 baada ya Kristo, Abu Kamil aliandika risala juu ya pembetano na umbo la pande kumi, akitumia aljebra kupata urefu wa pande. Naye Abul-Wafa al-Buzjani wa Baghdad, katika karne ya 10, aliandika kitabu cha jometria kwa ajili ya mahitaji ya mafundi, akionyesha ni njia zipi za kuchora zilizo sahihi na zipi hukaribia tu. Swali la fundi wetu basi lina umri wa miaka zaidi ya elfu moja.

Bahati ya pembetano ni kwamba rula na bikari huitosha. Si kila umbo lina bahati hiyo. Sarafu ya shilingi 50 ya Tanzania iliyotolewa mwaka 1996 ina pande saba, na umbo sawa la pande saba haliwezi kuchorwa kikamilifu kwa rula na bikari, hata mtu akijaribu maisha yake yote. Mwaka 1796 kijana wa Kijerumani mwenye miaka 18, Carl Friedrich Gauss, alionyesha kwamba umbo la pande 17 lawezekana. Na mwaka 1837 Pierre Wantzel wa Ufaransa alithibitisha ni yapi yasiyowezekana.

FUNDO LA KARATASI

Tumalize kwa jaribio lisilogharimu kitu. Kata utepe mrefu wa karatasi wenye upana mmoja tangu mwanzo hadi mwisho. Mwaa mpana wa kusukia mikeka nao wafaa. Funga fundo moja la kawaida, livute polepole, kisha lilaze bapa bila kulikunja vibaya. Umbo lionekanalo ni pembetano sawa.

Sababu yake ni hii. Katika pembetano sawa kila ulalo ni sambamba na upande mmoja: pembe ya nyuzi 108 kwenye A na pembe AEC ya nyuzi 72 hujumlika kuwa 180, kwa hiyo ulalo CE na upande AB ni sambamba. Kati ya mistari hiyo miwili pana njia yenye upana mmoja, na pembetano ina njia tano za namna hiyo, zote zenye upana ulio sawa. Utepe unapofungwa hupita katika njia hizo. Ukiuinua fundo mbele ya mwanga wa dirisha utaiona milalo ndani yake.

MASWALI YA KUJARIBU

1. Umbo sawa la pande kumi lina pembe za ndani za nyuzi ngapi? Onyesha kwamba pembetano sawa mbili na umbo hilo moja hukutana kwenye nukta moja bila ufa. Kisha eleza kwa nini mpango huo hauwezi kuendelezwa kuzunguka pembetano moja nzima. (Dokezo: tano ni namba witiri.)

2. Fundi anataka kibanda cha pande tano sawa, kila upande mita 2. Tafuta urefu wa kamba ya ulalo hadi milimita iliyo karibu, bila kutumia protrakta.

3. Hesabu vipeo, kingo na nyuso za mpira wenye pembetano 12 na pembesita 20. Jumlisha vipeo na nyuso, kisha utoe kingo. Fanya vivyo hivyo kwa umbo la pembetano 12 peke yake, na kwa mchemraba. Umegundua nini?

4. Kusanya bamia 50, uzikate kwa kuzikingama, na uandike ni ngapi zina pande tano, sita, saba au zaidi. Jibu la swali hili halipatikani kwa hoja. Hupatikana kwa kisu na hesabu ya uaminifu.